Mwananchi kageuzwa tarishi wa Serikali

Dirisha la mikopo ya elimu ya juu likifunguliwa, steshenari za Ubungo, Mwenge na Mbagala hukesha. Vijana waliomaliza kidato cha sita hupanga foleni na bahasha za kaki mkononi, wengine wakiwa na mzazi pembeni, wakimsubiri kijana wa kompyuta awajazie fomu, awaskanie vyeti na awatolee kontroli namba. Fungua bahasha mojawapo. Utakuta cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa. Kama mwombaji kafiwa na mzazi, kipo na cheti cha kifo, nacho kimehakikiwa. Zipo picha ndogo, kitambulisho cha mdhamini, na fomu yenye sahihi ya serikali ya mtaa na muhuri wa kamishna wa viapo.

Sasa chukua karatasi hizo moja moja ujiulize zimetoka wapi. Vyeti vya kuzaliwa na vya vifo vimetoka RITA, wakala wa Serikali. Kitambulisho cha mdhamini kimetoka NIDA, mamlaka ya Serikali. Sahihi ya mtaa imetoka ngazi ya chini kabisa ya TAMISEMI. Na anayetaka kuziona zote ni Bodi ya Mikopo, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2004, nayo ni ya Serikali. Kwa hiyo yule kijana aliyesimama juani anachofanya ni kuchukua karatasi za Serikali kwenye dirisha hili na kuzipeleka kwa Serikali hiyohiyo kwenye dirisha lile. Nauli ni yake, fotokopi ni yake, na karatasi ikikosewa njiani kosa nalo ni lake.

Kazi hiyo zamani ilikuwa na mtu wake. Aliitwa tarishi, alikuwa na mshahara, likizo na mara nyingine baiskeli ya ofisi. Alibeba faili kutoka wizara moja kwenda nyingine na kurudi na daftari lililotiwa sahihi ya aliyepokea. Siku hizi matarishi wamebaki wachache, lakini mafaili hayajaacha kusafiri. Tunayabeba sisi.

Linalonishangaza zaidi ni uhakiki. Cheti kina jina la mtoto, namba, sahihi ya msajili na muhuri wake. Mwenye cheti anatakiwa kukirudisha kwa msajili yuleyule, kwa kulipia, ili msajili aseme kwamba ndiyo, hiki ni changu. Kwa haki ya kusema, siku hizi jambo hilo linafanyika kwa mtandao, na mtoto wa Sumbawanga halazimiki tena kupanda basi. Lakini vipo vyeti vilivyoandikwa kwa mkono wilayani miaka ya nyuma, rejista zake zikiwa ni majalada makubwa ya karatasi ndani ya kabati la chuma. Mwenye cheti cha namna hiyo akiambiwa kwamba hakionekani kwenye mfumo, mtandao umeishia hapo. Ataenda wilaya alikozaliwa, hata kama kwao walishahama tangu hajaota meno.

Ili kuelewa tulivyofika hapa inabidi kurudi nyuma kidogo. Sheria yetu ya usajili wa vizazi na vifo chimbuko lake ni la mwaka 1920, enzi za Mwingereza, na wakati huo kumwandikisha mtoto wa Kiafrika halikuwa jambo la lazima. Baada ya uhuru taifa liliendelea kwa miongo mingi likiishi bila vyeti. Mtoto alijulikana kwa mkunga, kwa kadi ya kliniki, kwa cheti cha ubatizo au kwa kumbukumbu ya bibi kwamba alizaliwa mwaka wa mafuriko. Sensa ya mwaka 2012 ilikuta ni karibu asilimia 13 tu ya watu wa Tanzania Bara wenye cheti cha kuzaliwa. Waliobaki hawakuwa wazembe. Hakuna aliyewahi kuwadai.

Kisha, kwa ghafla, kila ofisi ikaanza kukidai. Watu wazima wakaenda kusajiliwa kuzaliwa kwao wakiwa na miaka 19, wengine 30, wengine wakiwa tayari ni wajomba na shangazi wa watu. Na hapo ndipo mambo yalipogeuka nyuma mbele. Badala ya cheti cha kuzaliwa kumpeleka mtoto shule, cheti cha kumaliza shule ndicho kikatumika kuthibitisha kwamba alizaliwa. Jina lililopo kwenye cheti cha shule nalo lilitoka wapi? Kwa mwalimu wa darasa la kwanza, aliyemwuliza mtoto wa miaka saba, "Unaitwa nani?" akaandika alivyosikia.

Ndiyo maana nchi hii imejaa watu wenye majina mawili ambao hawajawahi kubadili jina. Shuleni ni Hadija, msikitini ni Khadija. Kwenye kadi ya kliniki ni Muhamadi, kwenye cheti cha kidato cha nne ni Mohamed, na benki kaandikwa Mohammed. Wakatoliki wana Yohana aliyesomeshwa kama John. Kule kwetu kwenye makabila yanayobadilishana r na l, Charles anaweza kuwa na tahajia tatu kabla hajafika sekondari. Mtaani hakuna anayehangaika na haya. Ukiita Asha, Aisha akaitika, umempata uliyemtaka.

Ofisini ni balaa. Mama mdogo wangu alifiwa na mumewe, mtumishi mstaafu, akaanza kufuatilia haki za marehemu. Mirathi alishaifungua, maana hatua ile naye aliipitia yote: kikao cha familia na muhtasari wake, barua ya mtaa, cheti cha kifo, mahakama ya mwanzo, tangazo la kusubiri mwenye pingamizi, hadi akapewa barua ya usimamizi. Nilimsindikiza kwenye ofisi moja ambayo sitaitaja, kwa kuwa ingeweza kuwa yoyote. Dirishani alikaa kijana mdogo, sawa na kitinda mimba wa mama mdogo. Alimwamkia vizuri, "Shikamoo mama," naye mama akaitika, "Marahaba, mheshimiwa." Nilimtazama. Mtu mzima wa miaka 60 na zaidi, anamwita mtoto yule mheshimiwa, kwa sababu yuko upande ule wa kioo.

Kijana akapanga karatasi mezani, akachukua biro nyekundu. Cheti cha ndoa: Aisha Saidi. Kitambulisho cha taifa: Asha Said. Barua ya mahakama: Asha Saidi. Akazungushia kila mahali palipokuwa na tofauti, taratibu, kama mwalimu anayesahihisha daftari.

"Mama, hapa ninaona watu watatu."

"Mheshimiwa, ni mimi mwenyewe huyuhuyu unayeniona."

"Najua ni wewe mama. Lakini karatasi hazisemi hivyo."

Akamwambia akatengeneze kiapo. Tukavuka barabara. Huko ng'ambo, kama ilivyo karibu na kila ofisi kubwa ya umma, kulikuwa na vyumba vya mawakili vimebanana na maduka ya fotokopi. Kiapo kilikuwa tayari kwenye kompyuta, kinasubiri majina tu. Mama mdogo akatia dole gumba na sahihi, akiapa kwamba Asha na Aisha, Said na Saidi, ni mtu mmoja, naye ndiye mtu huyo. Wakili ambaye hakuwahi kumwona maishani akagonga muhuri, akapokea hela yake, akaita mwingine. Tuliporudi, kijana alikisoma kile kiapo akaridhika kabisa.

Nimefikiria sana alichoridhika nacho. Asubuhi mama mdogo alisema kwa mdomo kwamba ndiye yeye, hakusikilizwa. Mchana amesema jambo lilelile kwa karatasi yenye stempu, akasikilizwa. Kiapo hakikuleta ushahidi mpya hata chembe. Hakuna aliyekwenda kijijini kuuliza, hakuna aliyefungua rejista ya ndoa. Kilichobadilika ni mbebaji wa lawama. Siku mkaguzi akija na kuuliza nani aliruhusu malipo ya Aisha yaende kwa Asha, kijana atatoa kiapo kutoka kwenye faili. Lawama itakuwa imevuka barabara.

Wala simlaumu. Wanaosema urasimu wetu unatokana na kiburi cha watumishi wanasahau kwamba mtumishi naye anaogopa. Mwishoni mwa Aprili 2017, mjini Dodoma, Rais John Magufuli alikabidhiwa orodha ya watumishi wa umma 9,932 waliobainika kuwa na vyeti vya kughushi, wakaondolewa kazini. Kabla ya hapo mwaka 2016 ulikuwa wa kusaka watumishi hewa. Udanganyifu ulikuwepo, na ulikuwa mkubwa. Fedha za umma zilikuwa zikiliwa na watu wasiokuwepo. Lakini somo lililobaki kwenye madawati ya chini ni hili: karatasi moja ya ziada haimfukuzishi mtu kazi, karatasi moja pungufu inaweza. Kwa mshahara wake ule, wewe ungekuwa dirishani ungefanya nini? Ungedai kiapo.

Ukitaka kuona jinsi karatasi inavyoweza kuishi baada ya sababu yake kufa, iangalie barua ya mtaa. Ukifungua akaunti, utaambiwa ulete barua ya mtaa. Ukimdhamini ndugu yako polisi, barua ya mtaa. Kuvuta maji, kuandikisha mtoto shule, kuomba kazi ya ulinzi, kuchukua mzigo wa mkopo kwenye kikundi, barua ya mtaa. Hadi leo zipo ofisi zinazotaka uanze kwa mjumbe wa nyumba kumi. Utaratibu wa nyumba kumi ulianzishwa na TANU miaka ya 1960, wakati chama na Serikali vilikuwa kitu kimoja. Vyama vingi vilirudi mwaka 1992, na tangu hapo mjumbe yule ni kiongozi wa shina la CCM, si wa dola. Bado mwananchi, awe wa chama kipi, anaweza kutumwa kwa kiongozi wa chama akathibitishiwe kwamba anakaa anapokaa.

Barua hiyo ilikuwa na maana wakati mtaa ulikuwa na kaya ambazo mwenyekiti anaweza kuzihesabu kwa vidole. Leo nenda Goba, nenda Kivule au Chanika, mitaa iliyojaa wapangaji wanaohama kila kodi inapokwisha. Mwenyekiti hakujui na hana namna ya kukujua. Atakuuliza unakaa kwa nani, karibu na duka gani, halafu atakuuliza jambo analolihitaji kweli: risiti ya taka na ya ulinzi shirikishi. Kama hujalipa, hupati barua. Wakubwa wameshatangaza mara nyingi kwamba barua hizo ni bure, na bure hiyo ina mchango wa karatasi, wa wino na wa "maendeleo ya ofisi". Fomu imeshachapwa, wewe unajaza jina lako mwenyewe, yeye anagonga muhuri kwamba anakufahamu. Kisha barua inasafiri mjini kwenda kwa ofisa anayejua vizuri kabisa jinsi ilivyopatikana, kwa sababu naye anakaa Kivule na ya kwake aliipata hivyohivyo.

Hapo ndipo hasira yangu inapokaa. Maana tuliahidiwa kwamba mambo haya yangekwisha. Sheria ya kusajili na kutambua watu ilitungwa mwaka 1986. Vitambulisho vya kwanza vya taifa vilitolewa na Rais Jakaya Kikwete Februari 2013, miaka 27 baadaye. Halafu likaja zoezi la laini za simu. Kuanzia Mei 2019 kila laini ilitakiwa kusajiliwa upya kwa alama za vidole na namba ya NIDA, na mwisho ulipokaribia watu walilala kwenye ofisi za usajili, wengine na watoto mgongoni. Magufuli mwenyewe alisajili laini yake Chato mwezi Desemba, akaongeza siku 20, ukomo ukawa Januari 20, 2020. Tulivumilia kwa sababu tuliambiwa kwamba hii ndiyo ya mwisho. Ukishapata namba ile, Serikali inakujua.

Na haikuitoa kirahisi. Fomu ya kuomba namba hiyo inapita mtaani na kwenye kata, na ofisa wa Uhamiaji anakaa na mwombaji kujiridhisha kuhusu uraia wake. Kwa mtu wa Morogoro ni maswali mawili matatu. Kwa mtu wa Kigoma au Kagera ni jambo jingine: babu alizaliwa wapi, bibi alitoka kijiji gani, lugha ya nyumbani ni ipi, mpaka mwombaji anaanza kujitilia shaka mwenyewe. Wabunge wa huko wamelisemea jambo hili bungeni mara kwa mara. Basi tuseme mtu wa Kasulu amepita, Uhamiaji imeridhika, namba imetoka. Siku akiomba pasipoti, ombi lake linakwenda Uhamiaji. Pale ataombwa cheti chake cha kuzaliwa na cha mzazi, na kama mzazi alizaliwa miaka ya 1950 asipate cheti, kiapo. Ataulizwa tena babu alizaliwa wapi. Na Idara ni ileile!

Zanzibar wana lao. Kule kitambulisho cha Mzanzibari kilitangulia kile cha taifa kwa miaka, na mtu wa Mkoani au Micheweni anayefanya kazi Bara anabeba kadi mbili, kila moja ikiwa na ofisi yake ambayo haiitambui sana ile nyingine.

Kabla msomaji hajasema kwamba kompyuta zitatuokoa, aende kwanza kwenye ofisi yenye kompyuta. Zamani tuliambiwa faili halionekani. Ilikuwa shida, lakini shida ya kibinadamu: mtunza masijala akipata hela ya chai, faili lilionekana, mara nyingi lilikuwa chini ya meza yake. Siku hizi tunaambiwa mfumo uko chini. Mfumo haunywi chai. Hauna dada yake wa kumpitia wala kijiji kimoja na shemeji yako. Unakaa kwenye benchi na wenzako, wote mnatazama mlango, na ofisa naye anatazama simu yake, hana la kufanya. Rushwa ndogo imepungua kwenye malipo, hilo ni kweli na kontroli namba ndiyo iliyosaidia. Lakini vishoka hawakuondoka. Wamehamia steshenari, wanajua kujaza mfumo kuliko mwenye shida yake.

Tanzania haikuanza jana kuliona tatizo hili. Mwaka 1966, nchi ikiwa ya chama kimoja, Mwalimu Nyerere aliunda Tume ya Kudumu ya Uchunguzi, chombo cha kwanza cha aina yake katika Afrika Kusini mwa Sahara, chini ya uenyekiti wa Chifu Erasto Mang'enya. Tume ilizunguka mikoani kusikiliza malalamiko ya wananchi dhidi ya watendaji. Mwongozo wa TANU wa mwaka 1971 ukawakataza viongozi majivuno na dharau kwa raia. Tume ile ilirithiwa na Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ambayo sheria yake ni ya mwaka 2001. Kati ya hapo yakaja maboresho ya utumishi wa umma na mikataba ya huduma kwa mteja, ile inayobandikwa ukutani ndani ya fremu, ikieleza kwamba jibu litatolewa kwa siku kadhaa. Nakala yake katika ofisi tuliyokwenda na mama mdogo ilikuwa imepauka kwa jua hata siku zenyewe hazisomeki.

Juhudi zote hizo zilikuwa na shabaha moja: tabia ya mtumishi. Asiwe na kiburi, asile rushwa, asichelewe kazini. Ndiyo shabaha ya waziri anayefanya ziara ya kushtukiza alfajiri na kamera nyuma, akifunga geti ili wachelewaji waaibike. Lakini kijana aliyemhudumia mama mdogo alikuwa kazini mapema, hakuomba senti, na aliamkia vizuri kuliko watoto wengi wa siku hizi. Ukimtumbua leo, atakayekaa pale kesho atashika biro nyekundu ileile, kwa kuwa utaratibu unamtaka aishike. Kosa liko kwenye mpango wa kazi: kila ofisi imeruhusiwa kuishi kama nchi peke yake, na mwananchi ndiye anayevuka mipaka yao akiwa na hati za kusafiria.

Ushahidi kwamba inawezekana vinginevyo tunao hapahapa. Mwaka 2013 Mbeya ulianza usajili wa watoto walio chini ya miaka mitano kwa njia rahisi mno: mama anajifungua zahanati, au anakwenda ofisi ya kata, mtoto anaandikwa, cheti kinatolewa palepale bila malipo, taarifa zinatumwa kwa simu ya mkononi. Ukasambazwa mkoa baada ya mkoa. Haukuhitaji jengo jipya. Ulihitaji mtu mmoja akubali kwamba muuguzi aliyempokea mtoto ni shahidi wa kutosha kuwa mtoto amezaliwa. Hata Bodi ya Mikopo, mwombaji akiandika namba yake ya mtihani wa kidato cha nne, taarifa zake zinavutwa kutoka Baraza la Mitihani bila yeye kubeba kitu. Kama ofisi mbili zinaweza kuzungumza juu ya alama ya Hisabati, zinaweza kuzungumza juu ya kifo cha baba yake.

Kenya walifungua Kituo cha Huduma cha kwanza Nairobi mwaka 2013, madirisha mengi ndani ya jengo moja, na sisi tuna vituo vya Huduma Pamoja kwenye majengo ya Posta. Ni nafuu, hasa kwa miguu. Ila kukusanya madirisha chini ya paa moja kunafupisha safari ya tarishi tu, hakumwachishi kazi. Rais Samia Suluhu Hassan ameagiza zaidi ya mara moja kwamba mifumo ya Serikali isomane, na Sheria ya Serikali Mtandao ya mwaka 2019 ipo. Agizo zuri. Lakini kusomana kwa mifumo, kama kunavyosemwa kwenye semina, ni jambo la zabuni, wataalamu na miaka. Wakati tunasubiri, yapo yasiyohitaji zabuni.

Nenda Kariakoo, simama penye mwavuli wa wakala wa simu. Mwambie unasajili laini. Atakupa kikasha kidogo, utaweka kidole, na baada ya muda mfupi jina lako lote litatokea kwenye simu yake pamoja na tarehe ya kuzaliwa. Kijana wa mwavuli, anayelipwa kwa kamisheni, anao uwezo wa kuthibitisha kwamba wewe ni wewe. Ofisi ya umma yenye kiyoyozi, ng'ambo ya barabara hiyohiyo, inakurudisha Kivule ukalete barua ya mtu asiyekujua. Na mwaka 2022 tumefanya operesheni ya anwani za makazi nchi nzima, nyumba zikabandikwa namba, mitaa ikapigwa vibao. Kama hazitumiki kueleza mtu anakaa wapi, tuliziweka za nini?

Kwa hiyo ombi langu kwa mawaziri wenye dhamana ya Utumishi na TAMISEMI ni dogo, na linatosha kwenye waraka wa ukurasa mmoja. Ofisi ya umma isimdai barua ya utambulisho ya mtaa wala ya mjumbe mtu yeyote mwenye namba ya NIDA. Pale majina yanapotofautiana herufi, kidole chake kipimwe, na kikikubali, tofauti hiyo iandikwe kwenye faili na ofisa aliyempima, kwa sahihi ya ofisa, si kwa kiapo cha mjane. Na mtumishi atakayefuata waraka huo alindwe mbele ya mkaguzi, ili asihitaji mahali pa kuficha lawama.

Mama mdogo bado hajalipwa. Sasa wanataka barua ya mahakama nayo irekebishwe, iandikwe Said badala ya Saidi.